Mjerumani Aliyepima Uso Wangu

Kazi yangu kubwa kwa yule Mjerumani ilikuwa kumsogeza. Niliajiriwa kumwogesha, kumpa dawa na kuhakikisha haanguki, lakini saa nyingi za zamu nilizitumia kusukuma kiti chake kufuata jua. Asubuhi tulianzia sebuleni, kwenye dirisha la mashariki. Saa sita tulikuwa jikoni. Saa tisa, nilipokabidhi zamu, alikuwa kwenye korido akilalamika kwamba waliolijenga jengo lile hawakuwahi kumwona binadamu. Lilikuwa jengo la kawaida la Saint Paul, la matofali mekundu, karibu na njia ya treni, na mimi nililiona zuri tu.

Alikuwa na miaka themanini na minne, na macho yake yalikuwa yamekufa katikati. Daktari alieleza kwamba pembeni anaona, katikati pana doa, kwa hiyo ukitaka akuone usisimame mbele yake. Alizungumza nami akiwa ameelekeza uso kwenye friji. Wiki ya kwanza nilidhani ni dharau. Mtu aliyepiga picha za filamu kwa miaka arobaini alikuwa hawezi tena kuuona uso wa anayemkorogea uji, na hakutaka kuhurumiwa kwa hilo hata kidogo. Nilipompa pole alinijibu kwamba pole yangu haina kazi, nimsogeze kushoto.

Nilimwita Mzee. Nilimweleza kwamba kwetu hilo ni neno la heshima. Alifikiri kidogo, akasema kwao mzee ni mzee tu, lakini niendelee.

Shingoni alivaa kipima mwanga, kidude cheusi cha ukubwa wa pakiti ya sigara, chenye kitu cheupe mbele kama nusu ya mpira wa pingpong. Hakukivua hata bafuni. Nilikuwa nakifunga kwenye mfuko wa plastiki uliotoka na mkate. Kwa kuwa hakuweza tena kusoma namba zake, nilimsomea mimi. "Weka shavuni," alikuwa akisema. "Mwanga haupimwi dirishani. Unapimwa pale unapoangukia." Basi mara kumi kwa siku nilikiweka kidude kile kwenye shavu lake, kisha kwenye langu, nikasoma namba, naye akaguna kama mtu aliyeletewa chai isiyo na sukari. Hakuna fomu iliyoitaja kazi hiyo. Binti yake, aliyekaa Maplewood na kuja kila Jumapili, aliniomba nivumilie, nikavumilia.

Maisha yake ya kazi alinisimulia vipande vipande nikimwogesha, kwa kufuata viungo vya mwili. Nikiwa mgongoni alikuwa kijana wa miaka kumi na saba pale Hamburg, akifanya kazi kwenye chumba cha kusafishia filamu, mikono ikinuka dawa hata Jumapili. Nikifika mikononi alikuwa tayari msaidizi wa kamera. Kazi ya msaidizi, alinieleza, ni kushika utepe kama wa fundi cherehani na kupima kutoka kwenye lenzi mpaka kwenye pua ya mwigizaji, ili picha isitoke na ukungu. Alipima pua kwa miaka tisa. Alisema anaweza kukutajia umbali wa pua ya kila mwigizaji mkubwa wa Ujerumani ya wakati ule, lakini hakumbuki hata mmoja wao alikuwa akisema nini.

Miguuni alikuwa mpiga picha mkuu. Alianza na tamthilia za polisi za televisheni, ambako kila barabara ilimwagiwa maji kabla ya kupigwa picha ili ing'ae, hata kama hadithi ilisema ni kiangazi. Baadaye alipata mwongozaji aliyemwelewa, wakatengeneza filamu nane pamoja. Moja ilimpatia tuzo, sanamu ya shaba ambayo sasa ilizuia mlango wa bafu usijifunge. Filamu zote nane zilikuwa na mwigizaji mmoja wa kike. Alimpiga picha akiwa na miaka ishirini na minne, akampiga akiwa na arobaini na mmoja, na katika ile ya nane akaweka taa ubavuni mwake bila kitambaa cha kulainisha, kwa sababu hadithi ilimhusu mwanamke aliyechoka. Yule mwigizaji alipojiona kwenye pazia la sinema alitoka nje ya ukumbi. Mwaka uliofuata mwongozaji akatafuta mpiga picha mwingine.

"Ulimkosea?" nilimuuliza.

"Nilimpiga picha alivyokuwa."

"Sijauliza hivyo."

Akaniambia maji yamepoa.

Baada ya hapo yakaja matangazo: bia, sabuni ya unga, chakula cha paka. Alipiga picha za chakula cha paka miaka kumi na miwili, akaoa mwalimu wa muziki wa Kimarekani, akamfuata Minnesota, akafundisha wanafunzi kuweka taa, akamzika mkewe, akaanza kupofuka. Haya yote aliyamaliza wakati namvalisha soksi.

Mimi nilimsikiliza nusu. Mwezi ule wa Machi nilikuwa na shida yangu. Mama yangu, kule Korogwe, alikuwa ameamua kwamba nimekufa.

Akili yake ilikuwa timamu, hilo niliweke wazi. Mama ana miaka sabini na tisa, ametolewa mtoto wa jicho macho yote mawili, na anamwona mdudu kwenye mchele kabla mchele haujatoka dukani. Aliamua kwa hoja, na hoja zenyewe nilikuwa nimempa mimi.

Miaka minne nyuma kaka yetu mkubwa alifariki kwa ajali ya barabarani. Mama alikuwa hospitali, amevunjika nyonga, na ukoo ukakaa ukakubaliana asiambiwe mpaka apone. Kwetu ndivyo inavyofanywa. Habari mbaya haipewi mgonjwa, haipewi msafiri, na ikiwezekana haipewi mtu yeyote mpaka awe amekaa na amekula. Kaka akazikwa, akasomewa hitima, na mama yuko wodini anaambiwa mwanawe yuko safarini Mwanza, kazi imembana, mtandao ni mbovu. Mimi ndiye niliyetumwa kusema zaidi, kwa sababu nilikuwa mbali na uso wangu hauonekani. Nilimwambia kaka anamsalimu. Mama alipokwisha kurudi nyumbani, jirani asiyejua makubaliano yetu akaingia akampa pole ya kufiwa. Zilikuwa zimepita siku sitini na tatu. Mama alizihesabu yeye mwenyewe, na tangu siku hiyo hakututukana wala hakutuamini.

Sasa, Januari ya mwaka huo nililazwa siku kumi na moja kwa ugonjwa wa mapafu. Nikamwagiza mdogo wangu wa kiume, anayekaa na mama, asimwambie. Amwambie kazi imenibana na mtandao ni mbovu. Ukisikia mtu kajikaanga kwa mafuta yake mwenyewe, ndiyo hivyo. Mama aliyasikia maneno yaleyale, kwa mpangilio uleule, akanyamaza. Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Nilipotoka hospitali sauti yangu ilikuwa imekwaruza na haikurudi tena. Nikampigia. Alinisikiliza mpaka mwisho, akamrudishia mdogo wangu simu, akamwambia, "Huyu mwanamke ana adabu, mshukuruni. Lakini mwanangu mmemzika lini?"

Kusafiri sikuweza. Nilikuja huku kusoma, viza ya masomo ikaisha, ombi langu la kuishi lilikuwa bado kwenye meza ya mtu fulani, na mwanasheria aliniambia nikitoka nisitegemee kurudi. Tukajaribu maswali. Mama aliuliza mambo ya utotoni, nikajibu yote, mpaka rangi ya mbuzi aliyenipiga pembe nikiwa na miaka sita. Akasema hayo hata mdogo wangu anayajua. Tukajaribu simu ya video. Akatazama, akasema anaona kivuli kimevaa kilemba, na kwamba redioni wameeleza siku hizi kompyuta inamwiga mtu mpaka kikohozi. Kisha akatuma ujumbe kwa shehe. Hitima yangu ikapangwa Ijumaa, baada ya sala ya alasiri.

Sijui kama umewahi kupewa taarifa ya hitima yako. Mdogo wangu alinisomea orodha kwa utaratibu: mchele, mbuzi wawili, watu wa msikitini, majirani wa mtaa wa juu na wa chini. Akaniuliza afanye nini. Nikamwambia vitunguu asinunue kwanza. Nilicheka, halafu nikakaa kwenye ngazi za jengo la yule Mjerumani nikalia. Niliona kabisa itakavyokuwa. Mama atanilia, atamaliza, ataniweka pamoja na marehemu wake wengine, na mimi nitakuwa hai Saint Paul namsogeza mzungu kushoto.

Jumanne, saa tatu asubuhi, kwao saa kumi na moja jioni, nilipiga tena nikiwa kazini. Nilikaa kama nilivyozoea, mgongo kwa dirisha. Sote tulioko huku tunapiga simu hivyo. Unakaa mgongo kwa dirisha ili nyumbani waione theluji. Miaka ya kwanza ni kujigamba kidogo, baadaye inakuwa mazoea. Theluji ndiyo ushahidi kwamba kweli umefika. Kwa miaka kumi na mitatu mama yangu alikuwa ameiona theluji vizuri sana.

"Kivuli," mama alisema siku ile, na simu ikakatwa.

Mjerumani alikuwa kwenye kiti chake. Aliuliza ni nani aliyekuwa akisema kwa sauti ya hakimu. Nikamweleza yote, kaka, mapafu, hitima, kwa sababu sikuwa na mtu mwingine wa kumweleza saa ile. Alisikiliza akiwa ameitazama birika. Nilitegemea pole, hata ya Kijerumani.

"Dirisha lilikuwa wapi?" akauliza.

"Nyuma yangu."

Alifumba macho kama aliyekanyagwa kidole. Halafu akasema jambo ambalo hakuwahi kulisema bafuni.

Alikuwa amefika kwetu. Siku za ujana wake wa kazi, shirika moja lilimtuma Mbinga miezi miwili kupiga filamu ya mafunzo ya kilimo cha kahawa. Wakulima arobaini na mtaalamu mmoja wa kizungu. Kila asubuhi aliweka kipima mwanga kwenye shavu la mtaalamu, akasoma namba, akapiga picha ya wote. Hamburg walipoisafisha ile filamu, mtaalamu alikuwa anaonekana mpaka vinyweleo vya mkononi. Wakulima arobaini walikuwa kofia na meno, nyuso zao zimemezwa na giza.

"Kofia na meno," nilirudia.

"Ndiyo. Na filamu ilionyeshwa hivyohivyo. Hakuna aliyelalamika."

"Wewe je?"

"Nililipwa," akasema.

Nilikasirika. Nilikasirika kwa ajili ya watu wa Mbinga nisiowajua, ambao walivaa kofia zao nzuri wakasimama juani siku sitini ili wasionekane. Nilimkasirikia kwa kunipa habari hiyo siku ile, kana kwamba sikuwa na yangu. Nilimpa chakula chake cha mchana, nikaosha vyombo kwa kelele. Saa nane na nusu akasema, akiielekea friji, kwamba asubuhi saa tatu jua linaingia dirisha la mashariki likiwa chini, ni zuri kuliko taa yoyote aliyowahi kukodi, na kwamba kesho nisikae mahali pale pa kijinga.

Jumatano tulianza saa mbili. Aliniketisha ubavu kwa dirisha, akanyoosha kiganja karibu na uso wangu bila kunigusa, akausikiliza mwanga kwa ngozi ya mkono kama mtu anayepima joto la chuma cha pasi. Akaniambia niweke kipima shavuni. Shavuni kwangu, alisisitiza, na nisome kwa sauti. Kisha akaniuliza swali, na akaliuliza kwa upole ambao sikuuzoea.

"Kuna mwanga wa kumpendeza mtu na kuna mwanga wa kumwona. Yule mwigizaji wa filamu zangu nane alitaka wa kwanza. Wewe unataka upi?"

Nikasema wa kwanza. Sikuhitaji kufikiri. Sikutaka mama aone nilivyotoka hospitali. Nilikuwa nimekonda, chini ya macho pamevimba, na wiki mbili nilikuwa napaka poda nzito kabla ya kumpigia, na kwenye simu nawasha kile kitu cha kulainisha ngozi, asipate wasiwasi. Mjerumani akasema sawa, mimi ndiye mwigizaji. Akanielekeza kutandika shuka jeupe mapajani na jingine kwenye mkono wa kiti, mwanga urudi usoni kutoka chini. Nilipojiangalia kwenye simu nilishangaa. Nilikuwa na miaka thelathini. Hakukuwa na mstari hata mmoja. Nilitaka kumshukuru, na pia nilitaka picha ile niiweke mahali watu wanione.

Mdogo wangu alipomshikia mama simu, mama aliinamia kioo, akatazama. Nikaona anafuta kioo kwa pindo la khanga, nikajua nimefika.

"Hiyo ni picha," akasema. "Ndivyo alivyokuwa siku anaondoka. Mmeichukua mmeitia mdomo useme. Hamna hata haya." Akaanza kulia, akaondoka kwenye kioo. Nilibaki natazamana na dari ya nyumba yetu na mkono wa mdogo wangu.

Nilimaliza zamu sijui vipi. Aliyekuja kunipokea saa tisa alikuwa dada mmoja Mkenya anayekaa Fridley, mwenye maneno ya moja kwa moja hata asipoulizwa. Nilimwonyesha picha niliyokuwa nimejipiga asubuhi.

"Aki wewe," alisema, "hii face ni ya advert ya lotion. Na hiyo filter ume-put juu ya make-up! Mum yako ako right kabisa. Hata mimi ningekataa, na nakuona every day."

Mjerumani aliuliza anasema nini. Nikamtafsiria. Hakucheka. Alisema tu kwamba kesho nije na uso mtupu.

Usiku ule nilifikiri sana juu ya adabu yetu ya kuficha. Nilimficha mama kifo cha mwanawe kwa kumhurumia. Nikamficha ugonjwa wangu kwa kumhurumia. Sasa nilikuwa namficha sura yangu, kwa kumhurumia, na huruma yote hiyo ilikuwa imefika mahali ambapo mama ananunua mchele wa hitima ya mtu aliye hai. Njia ya mwongo ni fupi, na mimi yangu nilikuwa nimeitembea miaka minne. Nilijionea aibu, na nilikuwa naogopa.

Alhamisi niliosha uso kwa sabuni yake Mjerumani, ya kijani, inayonuka dawa ya mbwa. Akaniambia niondoe mashuka yote. Upande usio na dirisha akataka nitundike koti lake jeusi la baridi, ili kivuli kikae kama kivuli. Kile kitu cha kulainisha nikakizima. Akapima kwa kiganja, akanisogeza kiti kidogo, akapima tena. Ilikuwa mara ya kwanza yeye kunisogeza mimi.

"Soma."

Nikasoma namba.

"Sasa jitazame, uniambie unaona nini. Mimi sikuoni."

Niliona mistari miwili mirefu kutoka puani mpaka kidevuni. Niliona mifuko chini ya macho na mfupa wa shavu uliochomoza. Niliona mvi kwenye pindo la kilemba. Niliona kwamba nina shingo ya bibi yangu. Nilimtajia vyote kimoja kimoja, kwa sauti, kama ninavyomsomea namba, na yeye akawa anatikisa kichwa kila kimoja. Nikataka kuzima simu. Akasema nisizime.

Mdogo wangu alipokea. Nyuma yake nilimwona mama amekaa kwenye mkeka, ungo mapajani, anachambua mchele. Ulikuwa mchele wangu, wa Ijumaa. Alikataa kuinua kichwa. Mdogo wangu akaiteremsha simu taratibu mpaka mbele ya ungo, na mama, kwa kuwa ilikuwa imeziba mchele, akatazama.

Aliacha kuchambua.

"Sogea," akasema.

Nikasogea.

"Geuka huku. Na huku. Vua kilemba."

Nikavua. Alinitazama kwa macho yaleyale ya kutafuta mdudu, kuanzia kichwani akishuka, hakuruka kitu. Nilimwacha anitazame. Nilikuwa nimeshasema maneno mengi sana miaka minne ile.

"Umezeeka," akasema.

"Ndiyo, mama."

"Umezeeka vibaya."

"Niliumwa, mama. Mapafu. Nililazwa siku kumi na moja. Mimi ndiye niliyesema usiambiwe."

Mdogo wangu akaanza, "Mama, si unaona sasa—"

"Nyamaza," mama akamwambia. "Naongea na mwanangu."

Nililia hapohapo, bila kujificha, na pua inatoka. Mama hakulia. Aliendelea kunitazama, akamwambia mdogo wangu, kama anayetoa hukumu ya ugomvi wa kuku, "Anayetaka kunidanganya angeniletea yule mzuri wa jana. Huyu kikongwe mwenzangu mngemtoa wapi?"

Mjerumani akauliza kutoka kwenye kiti chake mama amesema nini. Nikamwambia amesema nimezeeka vibaya. Akakaa vizuri, akashika kipima mwanga chake kwa mikono miwili. Akasema, "Basi picha imetoka." Mama akauliza sauti ya mwanaume ni ya nani. Nikamwambia ni mzee mmoja, fundi wa picha, mgonjwa wangu, haoni, ndiye aliyenipangia mwanga. Mama akasema nimwambie ahsante, na nimwambie anikaripie nile.

Nilimwuliza kama mdogo wangu amwambie shehe asije.

Mama aliuvuta ungo karibu, akarudi kwenye mchele wake. 

"Shehe aje," akasema. "Mchele umeshanunuliwa. Kesho tutamsomea kaka yako. Hitima yake nilikosa, mlinilaza wodini mkanisalimia kwa niaba yake."

"Nisamehe, mama. Nilikudanganya mimi."

"Najua ni wewe. Nilikuwa naijua sauti." Akatoa jiwe kwenye mchele, akalitupa. "Kesho saa kumi na moja uwe hewani. Ukae hapohapo ulipokaa, na huyo mzee asiuguse huo mwanga. Mwanangu nilimlia peke yangu. Nataka na wewe nikuone unamlia."

Nikamwambia nitakaa.